Mtu ana saa 24, pikipiki haina saa

*Hakimu anaweza kuamuru mali iliyokamatwa na polisi irudi kwa mwenyewe hata kabla kesi haijaisha. Kazi ipo kwa mali ambayo kesi yake haijafunguliwa.*

Nyuma ya kaunta ya kituo kimoja cha polisi jijini Dar es Salaam kuna mwarobaini, na chini yake pikipiki zimebanana hadi ukutani. Za mbele bado zina rangi. Za nyuma zimejaa vumbi na kinyesi cha kunguru, siti zimepasuka kwa jua, matairi yamelala. Kwenye tangi la mojawapo mtu ameandika kwa rangi nyeupe namba ndefu yenye herufi IR katikati na mwaka mwishoni. Mwaka huo si huu, wala si uliopita.

Ukifika asubuhi ya siku ya kazi hutakosa kijana amesimama karibu na dirisha la kaunta, mfuko wa nailoni mkononi. Ndani mna nakala ya mkataba wa pikipiki, kitambulisho cha NIDA na kipande cha karatasi chenye namba ya RB. Yeye mwenyewe alishatoka mahabusu zamani. Alidhaminiwa, akaambiwa awe anaripoti, akaripoti mpaka mpelelezi akamwambia asijisumbue, ataitwa. Sasa anauliza jambo moja tu: chombo kinatoka lini? Anajibiwa kwamba mpelelezi yuko nje ya kituo, apite Alhamisi.

Bosi naye anataka hesabu. Mikataba mingi ya bodaboda mjini inakwenda kwa hesabu ya siku, Sh10,000 hivi, kwa mwaka mzima au zaidi, ndipo chombo kiwe cha dereva. Pikipiki ikilala kituoni, hesabu hailali.

Wengi wa vijana hawa hawajawahi kufikiria kwenda mahakamani kuidai. Kwao mahakamani ni mahali mtu anapopelekwa, tena akiwa na pingu. Kumbe ndiko kwenye mamlaka ya kumwambia polisi atoe.

Dhamana ya mtu, dhamana ya chuma

Sheria ya Mwenendo wa Makosa ya Jinai, iliyotungwa mwaka 1985, imemwekea saa mtu aliyekamatwa. Afikishwe mbele ya mahakama ndani ya saa 24, au aachiwe kwa dhamana ya polisi ikiwa kosa lake si zito. Ndugu zake wanaijua saa hiyo. Ikipita, wanaanza kupiga simu.

Mali haikuwekewa saa. Hakuna kifungu kinachomwambia mkuu wa kituo kwamba ikifika siku fulani hujafungua kesi, rudisha kitu cha watu. Sheria inasema kitu kilichokamatwa katika upekuzi na kufikishwa mahakamani kinaweza kushikiliwa mpaka kesi au upelelezi ukamilike, na kwamba kitunzwe kwa uangalifu unaostahili. Mwarobaini, nadhani, haukuwa akilini mwa waliotunga maneno hayo.

Kangi Lugola, alipokuwa Waziri wa Mambo ya Ndani ya Nchi, alijaribu kulimaliza jambo hili kwa tamko. Mwaka 2018 aliagiza bodaboda zisirundikwe vituoni isipokuwa za aina tatu: zilizohusika katika uhalifu, zilizopata ajali na zile zisizo na wenyewe. Agizo lilishangiliwa vijiweni. Lakini agizo la waziri si sheria. Hulindwa na waziri aliyelitoa, na Lugola aliondolewa kwenye nafasi hiyo Januari 2020.

Mwaka 2021 Serikali ilipunguza faini ya makosa ya barabarani kwa bodaboda na bajaji, kutoka Sh30,000 hadi Sh10,000 kwa kosa. Hilo lilisaidia pikipiki za kosa la kofia ngumu na mishikaki. Kosa la namna hiyo linaisha kwa faini inayolipwa kwa namba ya malipo ya Serikali, na baada ya hapo hakuna kielelezo cha kutunza. Anayeombwa hela ya ulinzi au ya maegesho bila namba ya malipo wala risiti, ajue hiyo si faini.

Kwa hiyo swali la kwanza la kuuliza kaunta ni hili: chombo kimeshikiliwa kwa kosa gani, na kina namba gani ya jalada? Mwenye pikipiki ya kosa la barabarani hana haja ya hakimu, ana haja ya kulipa na kuondoka. Mwenye pikipiki ya kosa la jinai ndiye tunayemzungumzia.

> Mtu akipitiliza saa 24 mahabusu ndugu wanaanza kupiga simu. Pikipiki inaweza kupitiliza mwaka na hakuna aliyevunja kifungu.

Karatasi ya kwanza

Ofisa anayekamata kitu katika upekuzi anatakiwa kisheria kutoa stakabadhi. Iwe na saini ya mwenye eneo au anayelisimamia, au ya ndugu yake wa karibu, na saini za mashahidi kama walikuwapo. Polisi wana fomu yao, hati ya ukamataji mali, na mwenye mali anastahili kubaki na uthibitisho wa kile kilichochukuliwa.

Barabarani mambo huwa mengine. Pikipiki inadakwa kwenye taa, askari anaipanda, dereva anafuata nyuma kwa bodaboda ya mwenzake. Simu inachukuliwa ikiwa mkononi. Hakuna aliyeandika kwamba kioo kilikuwa kizima au kwamba betri ilikuwemo. Miezi ikipita, ubishi wote unakuwa wa mdomo kwa mdomo, na mdomo wa raia kituoni hauna uzito mkubwa.

Karatasi hiyo inawahusu pia waendesha mashtaka. Mahakama ya Rufani, katika rufaa ya jinai namba 110 ya mwaka 2007 ambayo mawakili hawaachi kuitaja, ilieleza kwamba kielelezo kiwe na mtiririko wa kumbukumbu tangu kilipokamatwa, nani alikitunza, kilihamia kwa nani na kiliishia wapi. Tangu hapo watu wengi wameachiwa huru katika kesi nzito kwa sababu mtiririko huo ulikatika katikati. Kanuni za ndani za Jeshi la Polisi, zile PGO, zina sura nzima juu ya vielelezo, namba 229, inayotaka kila kitu kiingizwe kwenye daftari na kibandikwe lebo.

Mwenye mali anayedai stakabadhi, basi, hamkoseshi askari kazi. Anamsaidia asije akaaibika kizimbani.

Nani atathubutu kumwambia hivyo askari saa nne usiku, akiwa peke yake? Hapo mnanielewa. Lakini ipo nafasi ya pili: kesho yake mchana, kituoni, ukiwa na mwenyekiti wa mtaa au ndugu, unaomba orodha ya vitu vyako iandikwe na namba ya daftari. Unapiga picha chombo kikiwa pale pale uani, kama umeruhusiwa, na unaandika barua kwa mkuu wa upelelezi wa wilaya ukiitaja namba ya RB. Nakala inagongwa muhuri wa kupokelewa. Barua moja yenye muhuri ina nguvu kuliko Alhamisi nyingi za kupita kaunta.

Kesi ikifika kortini

Tuchukulie jalada limekwenda Ofisi ya Taifa ya Mashtaka, hati ya mashtaka imesomwa, kesi ina namba. Hapo mwenye mali amepata mlango.

Kifungu ambacho mawakili wamezoea kukiita 353 kinampa hakimu uwezo wa kuamuru kitu kilichotolewa kama ushahidi kirudishwe kwa anayeonekana kustahili, kesi ikiwa katika hatua yoyote, ili mradi ionekane ni haki kufanya hivyo, na kwa masharti atakayoyaona yanafaa. Maneno ya kushika ni mawili: hatua yoyote, na masharti. Kwa hiyo si lazima kusubiri hukumu. Vipo na vifungu vingine kuhusu mali aliyokutwa nayo mshtakiwa wakati wa kukamatwa, na kuhusu mali ya wizi kurudi kwa aliyeibiwa.

Maombi yenyewe si ya kutisha. Mtu mwenye wakili atapeleka maombi ya maandishi pamoja na kiapo kinachoeleza yeye ni nani, mali ilikamatwa lini, anaidai kwa nyaraka zipi, na kwa nini isisubiri. Asiye na wakili anaweza kusimama siku kesi inapotajwa na kuomba kusikilizwa. Mwendesha mashtaka ataulizwa kama ana pingamizi. Mshtakiwa ataulizwa pia, kwa kuwa kitu kikiondoka bila yeye kukikagua, huenda kesho akasema si kile.

Hapa ndipo masharti yanapofanya kazi. Hakimu anaweza kutaka kielelezo kipokelewe kwanza mahakamani na kuandikwa kwenye mwenendo, namba ya fremu na ya injini zisomwe mbele ya pande zote, kipigwe picha, kisha mwenyewe asaini bondi kwamba hatakiuza, hatakibadili rangi, na atakileta siku kitakapoitwa. Gari la aliyeibiwa likipatikana, kulirudisha kwa njia hii hakumdhuru mtu.

Waliojaribu wanajua kikwazo. Upande wa mashtaka hujibu kwamba kielelezo bado hakijatolewa ushahidini, na kifungu kinazungumzia kilichotolewa. Shahidi wa kukitoa ni mpelelezi. Mpelelezi yuko masomoni. Kesi inaahirishwa. Ni hoja ya kisheria, siidharau, ila hakimu makini ana njia ya kuipita: anaweza kutaka shahidi huyo aitwe mapema kwa ajili ya kielelezo tu, kisha ushahidi mwingine ufuate.

Kuna saa moja ambayo sheria iliiweka, na bahati mbaya inampigia mwenye mali. Kielelezo ambacho hakijadaiwa na mtu ndani ya miezi 12 baada ya kesi au rufaa kumalizika kinaweza kuuzwa au kuharibiwa kwa amri ya mahakama, na fedha zikaingia mfuko wa Serikali. Mtu aliyeshinda kesi akaondoka na furaha zake, akaiacha simu au pikipiki akisema ataifuata, anahesabiwa siku bila kujua.

Nyama, samaki na ng'ombe

Si kila kitu kinasubiri. Kitu kinachooza mahakama inaweza kuamuru kiuzwe mapema na fedha zishikiliwe mpaka ijulikane ni za nani. Utaratibu huo umezaa mashauri mengi, hasa ya nyara za Serikali, ambako nyama hukamatwa leo na kesho hakimu anaombwa amri ya kuiteketeza.

Mwaka 2019 Mahakama ya Rufani ilikemea mazoea ya kuchukua amri hiyo kimyakimya. Ilisema mshtakiwa apelekwe mbele ya hakimu pamoja na kitu chenyewe, asikilizwe kabla amri haijatoka, na ikiwezekana kipigwe picha. Fomu iliyotumika kuteketeza kielelezo bila mshtakiwa kusikilizwa ikaondolewa ushahidini.

Ng'ombe hawaozi, lakini wanakula, wanazaa na wanakufa. Mwaka 2017 ng'ombe zaidi ya 1,300 wa wafugaji kutoka Kenya walikamatwa wilayani Mwanga, Kilimanjaro, wakapigwa mnada kwa amri ya mahakama, na jambo likawa la kidiplomasia. Mfugaji anayeshinda kesi baada ya mnada anadai fedha, na bei ya mnada wa Serikali si bei ya mnadani Pugu. Mtamba aliyekuwa na mimba hana kifungu chake.

Wenye malori wana balaa jingine. Sheria ya Misitu ya mwaka 2002 na ile ya Wanyamapori ya mwaka 2009 zinaruhusu chombo kilichobeba mkaa au nyara kinyume cha sheria kitaifishwe. Dereva anakiri, analipa faini, anarudi kwao. Lori la tajiri aliyekuwa amelala Morogoro linabaki mali ya umma. Mahakama za juu zimesema zaidi ya mara moja kwamba mtu asinyang'anywe mali yake bila kupewa nafasi ya kusikilizwa, hata kama si yeye aliyeshtakiwa. Ila ni lazima ajue kwamba kesi ipo, na dereva aliyekiri haraka mara nyingi hampigii tajiri simu.

Kesi isipokuwepo

Turudi kwa yule kijana wa kaunta na wenzake, ambao mali yao haina kesi. Dereva hajashtakiwa. Pengine aliyeshukiwa ni abiria wake, na abiria katoroka. Pengine jalada lilikwenda kwa wakili wa Serikali likarudi na maelekezo ya kukamilisha upelelezi, likalala. Pengine kesi ilifunguliwa, Mkurugenzi wa Mashtaka akaiondoa, na kwa kuwa kuiondoa namna hiyo hakumzuii kushtaki upya, polisi wakakishikilia kielelezo wakisema huenda kesi ikarudi.

Mwenye mali anakwenda kwa hakimu. Hakimu anauliza namba ya kesi. Hakuna namba. Vifungu vyote nilivyovitaja vimeandikwa kwa kudhani kwamba mali imefika mbele ya mahakama, na hii haijafika.

> Sheria imemtengenezea njia mwenye mali iliyofika kortini. Iliyobaki uani haina hakimu wa kuiuliza.

Njia zilizobaki ni ndefu. Ya kwanza ni kushtaki Serikali kwa madai. Sheria ya Mashauri dhidi ya Serikali inataka notisi ya siku 90 kwanza, na marekebisho ya mwaka 2020 yanataka Mwanasheria Mkuu wa Serikali aunganishwe, la sivyo shauri linaanguka. Na shauri lenyewe linafunguliwa Mahakama Kuu. Hata kama mali ni pikipiki ya milioni tatu, hata kama ni simu, mlango ni wa Mahakama Kuu, mbele ya jaji, na upande wa pili atasimama wakili kutoka Ofisi ya Wakili Mkuu wa Serikali. Ada ya wakili wako itaishinda bei ya pikipiki kabla notisi haijaiva.

Ya pili ni kuomba Mahakama Kuu imwamuru mtendaji wa umma atimize wajibu wake. Hapo unaanza na maombi ya kibali, ndani ya miezi sita tangu uamuzi unaoulalamikia. Uamuzi upi, lakini? Kaunta hawakukataa. Walisema pita Alhamisi. Ndiyo sababu nimesisitiza barua yenye muhuri: bila kitu cha maandishi huna tarehe ya kuanza kuhesabu.

Ya tatu haina ada. Kuandika kwa mkuu wa upelelezi wa mkoa, kisha kwa ofisi ya mashtaka ya mkoa, kwa kuwa Mkurugenzi wa Mashtaka ana mamlaka ya kuratibu upelelezi na ofisi yake ndiyo itakayosema kama kielelezo bado kinahitajika. Kuna Tume ya Haki za Binadamu na Utawala Bora. Kuna watoa msaada wa kisheria wanaotambuliwa chini ya sheria ya mwaka 2017. Wengi hupata chombo chao kwa njia hii, na wengi zaidi wanaishia kwa mtu anayemjua mtu. Hiyo nayo ni njia, lakini si ya kuandikia makala.

Nchi nyingine waliliona pengo hili mapema. Uingereza ina sheria ya mwaka 1897 inayoruhusu yeyote anayedai mali iliyo mikononi mwa polisi kwa sababu ya upelelezi aende kwa hakimu wa chini kuomba arudishiwe, mtu ameshtakiwa au hakushtakiwa. Anayedhani ana haki zaidi ana miezi sita ya kumfungulia madai aliyekabidhiwa. Polisi wenyewe wanaweza kuomba, wakiwa hawajui wampe nani kati ya wawili.

India, ambayo sheria zake za jinai zilitumika Tanganyika miaka ya 1920, ilikuwa na vituo vilivyofurika magari kama hivi vyetu. Mwaka 2002 Mahakama ya Juu ya huko, katika shauri kutoka Gujarat, ilisema hakuna maana kuacha magari yaoze vituoni kwa miaka. Mahakimu waagize yapigwe picha, yaandikiwe taarifa kamili, mwenyewe asaini bondi na dhamana, achukue. Picha na taarifa zitumike ushahidini badala ya chuma chenyewe.

Hapa kwetu Tume ya Haki Jinai, iliyoundwa mwaka 2023 chini ya Jaji Mkuu mstaafu Mohamed Chande Othman, ilifungua mjadala mpana wa jinsi polisi wanavyokamata, kupeleleza na kushtaki. Bunge likigusa tena sheria ya mwaka 1985, ninachokitamani ni kifungu kifupi: mali ikikaa siku kadhaa bila kesi, mwenyewe aende Mahakama ya Wilaya kwa fomu ya ukurasa mmoja, na polisi aje aseme anaishikilia kwa nini. Ibara ya 24 ya Katiba inalinda haki ya kumiliki mali. Inahitaji dirisha la karibu na nyumbani.

Wanachosema polisi

Tusiwaonee. Pikipiki ni chombo kinachopendwa na waporaji, na pikipiki iliyotumika kukwapua mkoba ndiyo inayomuunganisha mtuhumiwa na tukio. Mpelelezi akiitoa, kisha ikauzwa Tunduma na kuvuka mpaka, siku ya kesi yeye ndiye ataulizwa.

Wana hofu nyingine, ya kumpa asiye mwenyewe. Namba za fremu hugongwa upya, kadi hughushiwa, na watu wawili huja na nyaraka za chombo kimoja. Askari akimpa wa kwanza, wa pili anamshtaki. Akikaa kimya hakuna anayemshtaki, kwa hiyo anakaa kimya. Hapo mpeni amri ya mahakama. Amri inamlinda askari kuliko inavyomlinda mwenye pikipiki, na nashangaa kwa nini vituo haviziombi zenyewe.

Na nafasi ya kutunzia hawana. Vituo vingi vilijengwa enzi ambazo kielelezo kilikuwa panga na baiskeli. Stoo ni chumba kimoja, iliyobaki ni ua. Mara kwa mara mikoa hutangaza pikipiki zisizo na wenyewe zipigwe mnada, na wenye nyaraka huitwa wajitokeze. Wengi hawajitokezi. Wengine wanaogopa kwamba atakayejitokeza ataunganishwa na kosa.

Kadi ni ya nani?

Hata mbele ya hakimu mwenye huruma, maombi mengi yanakwama kwenye kadi. Dereva ana mkataba, kadi ina jina la bosi. Bosi naye alinunua kwa mtu, hakubadilisha jina, kadi ina jina la aliyehamia Mwanza. Au chombo ni cha mkopo na kadi ipo kwa kampuni iliyokopesha. Anayeomba kurudishiwa si anayeonekana kwenye kumbukumbu za TRA, na hakimu hana namna ya kuruka hapo.

Dawa ni kwenda wote. Mwenye jina kwenye kadi aape kwamba ndiye mmiliki, au kwamba aliuza na lini. Dereva aape jinsi alivyokipata. Mkataba wa kuuziana ulioshuhudiwa mtaani unasaidia, wenye muhuri wa wakili unasaidia zaidi. Aliyekwisha hama apigiwe simu kabla maombi hayajapelekwa, siyo siku yenyewe.

Simu za mkononi zina uchungu wa pekee. Mtu ananunua simu iliyotumika Kariakoo, kwa bei ya haki, anapewa risiti ya daftari. Baada ya miezi, polisi wanamfikia kwa namba ya IMEI. Simu iliibwa. Kisheria aliyenunua mali ya wizi, hata kwa moyo safi, hapati umiliki ambao mwizi hakuwa nao. Simu inarudi kwa aliyeibiwa, yeye anabaki kumdai muuzaji. Risiti ile haitamrudishia simu. Itamsaidia asiingizwe kwenye kesi ya kukutwa na mali idhaniwayo ya wizi, na si jambo dogo.

Wala si vijana wa bodaboda na simu peke yao. Novemba 2018 mjini Arusha, na mwanzoni mwa 2019 Dar es Salaam, maduka ya kubadilisha fedha yalivamiwa katika operesheni ya Benki Kuu ikisaidiwa na vyombo vya ulinzi. Fedha, kompyuta na nyaraka vikachukuliwa, na malalamiko ya wenye maduka yakaendelea kwa miaka. Watu wale walikuwa na mawakili.

Amri ikishatoka

Amri ya mahakama ni karatasi yenye muhuri, na huwa haijipeleki yenyewe. Mwenye mali achukue nakala iliyothibitishwa na karani, aipeleke kwa mkuu wa kituo na si kwa askari wa zamu, na nakala yake igongwe muhuri wa kupokelewa. Akiambiwa mpelelezi kahamishwa na ufunguo wa stoo kaondoka nao, asirudi kuanza na kaunta. Arudi kwa hakimu yule yule, kwa namba ile ile ya kesi, aombe mkuu wa kituo aitwe kueleza kwa nini amri haijatekelezwa. Mara nyingi wito tu unatosha.

Siku ya kuchukua chombo, nenda na fundi, si na rafiki. Asome namba ya fremu na ya injini, azilinganishe na kadi na amri. Afungue sanduku la betri, akague kabureta, taa, vioo, tairi, na aandike kinachokosekana. Orodha hiyo iandikwe kwenye daftari la makabidhiano kabla ya kusaini. Wakikataa isiandikwe hapo, iandike kwenye nakala yako ya amri, weka tarehe, shahidi asaini. Anayesaini kwamba amepokea kitu kikiwa kizima hawezi kesho kudai injini.

Fidia ya uharibifu inadaiwa kwa njia ile ya siku 90 na Mahakama Kuu. Kwa lori, inaweza kulipa gharama. Kwa pikipiki, fundi wa mtaani atakwambia bei yake pale pale uani, na wengi wanachagua kumlipa fundi.